Miezi 14 nimesimamishwa kazi ya Leta (serikali) na dosie (faili ya kesi) haifunguliwi. Nianzie wapi?

Papa wa Katuba: Habari zenu, ndugu. Niko Lubumbashi, kazi ya Leta miaka 19, matrikule (namba ya mtumishi) ninayo. Mwaka jana vitabu viwili vya kitansi (risiti) vilipotea katika stoo ambayo funguo zake tulikuwa nazo watu watatu. Shefu akanipa barua: nimesimamishwa "kwa kungojea uchunguzi". Mistari minne na muhuri, basi. Tangu siku ile hakuna aliyeniuliza hata swali moja. Nikienda naambiwa, "Papa, ngoja, dosie iko kwa wakubwa." Primi (nyongeza ya mshahara) ilikatwa mwezi uleule, na mshahara wa banki ukakoma miezi mitatu baadaye. Mke anauza makala (mkaa) soko la Kenya, hapa hapa Lubumbashi, ndiyo inayolipa minervali (karo ya shule). Mwenye ufunguo wa tatu amepandishwa cheo, lakini hayo tuyaache.

Yaya Ruashi: Pole, papa. Mimi nilikaa hivyo miezi 8. Tafuta mtu wa ndani, umpe kitu kidogo, dosie itapanda mezani. Kazi ya Leta tunaijua sote.

Mzee Sendika: Yaya, usimtumbukize mwenzako shimoni. Anashukiwa kwa mambo ya feza za Leta, halafu aonekane anagawa bahasha?

Papa, soma barua yako tena. Kusimamishwa si adhabu. Adhabu ziko katika sheria namba 16/013 ya 15 Julai 2016, kuanzia blame (karipio) mpaka kufukuzwa, na kabla ya kupewa yoyote lazima uandikiwe kosa lako na upewe nafasi ya kujieleza kwa maandishi. Kwa hiyo usiulize dosie iko wapi. Uliza kama ilifunguliwa hata siku moja. Nimekuwa mjumbe wa sendika (chama cha wafanyakazi) muda mrefu, na nyingi nilizofuatilia hazikuwa kwa wakubwa wala kwa wadogo. Ndani ya faili mlikuwa na ile barua tu, peke yake, inakula vumbi.

Acha kuuliza kwa mdomo, mdomo hauna tarehe. Andika, utaje kifungu cha 27 cha Katiba ya 2006: Mkongomani akipeleka ombi kwa wakubwa wa serikali, wanapaswa kujibu ndani ya miezi 3, na haruhusiwi mtu kumshtaki kwa sababu ameandika.

Mama Sekretaria: Mimi ndiye ninayepokea hizo barua, si kwenu lakini. Peleka nakala mbili. Tukikuambia "weka hapo, shefu ataiona", usiondoke mpaka nakala yako ipigwe akize (muhuri kwamba barua imepokelewa). Na usihame nyumba bila kuwaandikia adresi mpya. Siku wakikuita wasikuone, watasema umetoroka kazi, na hapo ndipo dosie itafunguliwa haraka, utashangaa.

Mshahara ni barua nyingine. Uliza kama jina limetolewa kwenye listing (orodha ya wanaolipwa) ama limefungwa tu.

Papa wa Katuba: Na nikienda Tribunali ya Kazi?

Mzee Sendika: Hapana, ile si ya watu wa Leta wenye matrikule. Kesi yako ni ya majaji wa mambo ya utawala, nao watakuuliza kwanza kama uliwalalamikia wakubwa wako kwa maandishi. Ndiyo maana ya akize. Muone avoka (wakili) mapema, kule siku zinahesabiwa.

Papa wa Katuba: Nimerudi, ndugu. Sekretari alikataa kupiga muhuri, nikakaa kwenye benchi mpaka saa sita, watu wanapita wananitazama. Mwishowe akafungua kabati kutafuta faili yangu. Mzee, uliona mbali: karatasi moja, ileile ya mistari minne. Hata namba ya dosie hakuna. Akize ninayo sasa, muhuri wa bluu, tarehe kwa biki. Fotokopi tatu, moja iko kwa shemeji Bel-Air. Mama, ya listing niandikie mkuu wa hapa ama Kinshasa?

Mama Sekretaria: Kinshasa, kupitia mkuu wa hapa. Nakala mbili, papa.