Vlade Divac: senta hodari, meneja wa lawama?

Kona_ya_Tatu:
Wakuu, siku hizi Divac anatajwa kwa jambo moja tu: mwaka 2018, akiwa meneja mkuu wa Sacramento Kings, alimchukua Marvin Bagley III kwa namba 2 kwenye drafti (zoezi la timu za NBA kuchagua wachezaji wapya kwa zamu) akamwacha Luka Dončić. Naomba wajuzi mnifafanulie. Uwanjani alikuwa wa kiwango gani hasa? Kwenye filamu alifanya nini? Na uongozi wake uliharibika kwa Bagley, au palianza kuoza mapema?

Senta_Mkongwe:
Uwanjani hadaiwi. Mserbia wa Prijepolje, urefu mita 2.16, Lakers walimtoa Partizan ya Belgrade kwenye drafti ya 1989, namba 26. Alimaliza NBA na zaidi ya pointi 13,000, ribaundi 9,000, asisti 3,000 na bloku 1,500. Wenye mchanganyiko huo ni wachache mno, na majina yao ni ya kina Kareem na Olajuwon.

Ila takwimu hazikuonyeshi alichokuwa anafanya. Tafuta mechi za Kings ya kocha Rick Adelman. Divac anasimama kwenye pembe ya mstari wa mitupo huru, mpira kaushika juu. Mwenzake Stojaković anamjia kama anayetaka kupokea. Beki akijipenyeza mbele kuzuia pasi, Stojaković anageuka ghafla na kukata nyuma yake, na pasi ya kudundisha inamkuta chini ya ringi. Mfumo huu unakufa senta akiwa hana mtupo wa kutoka pale juu, maana mkabaji wake atarudi chini na kuziba njia. Divac alikuwa nao, kwa hiyo senta wa upande wa pili alilazimika kumfuata na kuacha kikapu wazi.

Kujiangusha nako alikuwa bingwa, tusifiche. NBA ilipoanza kuwatoza faini wanaojiangusha mwaka 2012, yeye alishastaafu tangu 2005.

Mtazamaji:
Upande wa filamu ni mfupi. Space Jam (1996) anaonekana kidogo tu, kama yeye mwenyewe. Ya maana ni Once Brothers (2010), filamu ya kweli kuhusu yeye na Dražen Petrović, Mkroatia aliyecheza naye Yugoslavia. Yugoslavia walitwaa ubingwa wa dunia Buenos Aires 1990, shabiki akaingia uwanjani na bendera ya Kroatia, Divac akamnyang'anya. Urafiki ukavunjika. Petrović akafariki kwa ajali ya gari Ujerumani tarehe 7 Juni 1993, hawajapatana. Itazame, lakini kumbuka msimulizi ni Divac, na mwenzake hayupo kujibu.

Hesabu_za_Drafti:
Palianza kuoza Julai 2015, miaka mitatu kabla ya Bagley. Kings walitaka nafasi chini ya kikomo cha mishahara ili wasajili watu kama Rajon Rondo. Divac akawapa Philadelphia (Sixers) Nik Stauskas, Carl Landry, Jason Thompson, chaguo la raundi ya kwanza, na haki ya kubadilishana nafasi za drafti 2016 na 2017. Alichopokea ni haki za wachezaji wawili waliokuwa Ulaya, ambao hawakuwahi kuichezea Kings. Rondo alikaa msimu mmoja.

Cha ajabu, yeye mwenyewe mwaka 1996 Lakers walimpeleka Charlotte wakapata haki za Kobe Bryant pamoja na nafasi ya mshahara wa Shaquille O'Neal. Alijua nafasi hiyo hununuliwa kwa ajili ya nani.

Kona_ya_Tatu:
Hiyo haki ya kubadilishana inafanyaje kazi, mkuu?

Hesabu_za_Drafti:
Nafasi zikishapangwa, mwenye haki anachukua iliyo bora kati ya hizo mbili. 2017 Kings waliangukia namba 3, Sixers namba 5, wakabadilishana. Sixers wakaitumia ile 3 kupanda hadi 1 kwa Boston, na Boston wakamchukua Jayson Tatum. Chaguo la raundi ya kwanza lenyewe lilitolewa 2019, likaishia Boston pia, namba 14. Kwa hiyo baada ya kumkosa Dončić, hata kama Kings wangeamua kufungwa makusudi msimu uliofuata ili wapate namba ya juu ya drafti, wasingefaidi kitu, maana chaguo si lao tena. Ndiyo maana kosa la 2018 liliuma mara mbili.

Senta_Mkongwe:
Na Dončić hakuwa wa kubahatisha. Alishakuwa bingwa wa Ulaya na Slovenia 2017, tena waliifunga Serbia fainali, halafu 2018 akawa mchezaji bora wa EuroLeague akiwa Real Madrid. Kwa mtu aliyekuwa rais wa kamati ya Olimpiki ya Serbia hadi 2017, udhuru wa kutomjua haupo.

Gadi_Namba_1:
Mpeni na haki yake. Ile namba 5 alimchukua De'Aaron Fox. Biashara ya kumtoa nyota wao DeMarcus Cousins, Februari 2017, ilichekwa sana, lakini ilimleta Buddy Hield, na Cousins akachanika kano ya kisigino Januari 2018. Bogdan Bogdanović naye alipatikana kwa kushuka kutoka namba 8 hadi 13 mwaka 2016. Divac alijiuzulu Agosti 2020. Kings waliporudi hatua ya mtoano mwaka 2023, aliyekuwa anapandisha mpira ni Fox.