Nimemwagilia mpaka tope ila miche imelala, eti nimeichuna ngozi ya mizizi?

NyanyaHombolo:
Wakuu habarini, niko Hombolo hapa Dodoma. Juzi nimetoa miche ya nyanya kitaluni, nikaona udongo umeganda kwenye mizizi nikaisuuza yote iwe nyepesi kubeba kwenye ndoo, nikaanza kupanda saa tano na jua la kwetu mnalijua, nikamwagilia mpaka pakawa tope. Saa tisa yote iko chini. Sasa maji yapo, mche unakosa nini? Binti yangu wa kidato cha tatu anasema baba umeharibu epiblema. Ndo nini hiyo, na inarudi?

Mwl_wa_Baiolojia:
Pole sana ndugu, binti yuko sahihi. Epiblema ni ngozi ya nje ya mzizi mchanga, unene wake seli moja tu. Jani nalo lina ngozi ila ile imepakwa nta ili maji yasipotee, ya mzizi haina nta nzito wala stomata, yaani vile vitundu vidogo vya jani vya kupitisha hewa, kwa sababu kazi yake ni kupokea maji. Halafu baadhi ya seli zake zinajivuta zinakuwa vinyweleo, kinyweleo kimoja ni seli ileile moja imerefuka, ndo vinapenya katikati ya chembe za udongo. Mwaka 1937 Mmarekani Dittmer alikadiria mmea mmoja tu wa nafaka ya rai una vinyweleo kama bilioni 14! Wewe ulivyosuuza vingi vimekatika, vilivyobaki vimekaukia kwenye ndoo.



MamaKitalu:
Kaka usikate tamaa, mzizi ukirefuka vinatoka vipya nyuma kidogo ya ncha. Weka kivuli cha matawi hata siku nne, na hayo matope acha, mzizi unataka hewa pia. Siku nyingine lowesha kitalu kwanza, ng'oa na udongo wake, panda jioni.

Zabibu_Mpunguzi:
Mwalimu mi mizabibu yangu mizizi imekuwa ya kahawia na migumu, nayo inanyonya?

Mwl_wa_Baiolojia:
Kidogo sana mzee wangu. Pale epiblema imeshapukutika, gamba limechukua nafasi, kazi kubwa ya kunywa iko kwenye mizizi midogo myeupe, kwa hiyo jembe lisiichimbe.

NyanyaHombolo:
Shukrani sana wote. Nimeweka matawi jana, leo asubuhi mistari miwili imeinua vichwa. Ning'oe mmoja nimwonyeshe binti hivyo vinyweleo?

Mwl_wa_Baiolojia:
Hapana usiguse, ukivuta tu vinakatika. Lazeni punje za mtama kwenye kitambaa kibichi ndani ya sahani mfunike, siku ya tatu hivi mtaona manyoya meupe kuzunguka mzizi.