Mwalimu wa ustawi wa jamii akitaka jimbo: tumpe, au arudi darasani?

Kihesa Kilolo
Wadau wa Nyanda za Juu Kusini, kamwene. Mtu kafundisha ustawi wa jamii chuoni miaka na miaka, na darasa likiisha yuko kwenye kata na watoto waliotelekezwa, wazee wasio na mtu, akina mama waliofukuzwa na ndugu wa marehemu. Sasa anaaga chaki, anataka ubunge. Je, ni kazi ileile kwa njia nyingine, au anaikimbia? Mimi nasema ni ileile. Uingereza walikuwa na Clement Attlee. Alianza mwaka 1905 kwenye klabu ya watoto wa maskini Stepney, mashariki ya London, akafundisha London School of Economics kuanzia 1912, akawa meya wa Stepney 1919, mbunge 1922, waziri mkuu 1945. Matibabu bila malipo kwa Mwingereza yakaanza Julai 1948 chini ya serikali yake. Aliyeuona umaskini na kuusoma ndiye anayefaa kutunga sheria. Karibuni, bila matusi.

Mwanjelwa Kwanza
Digrii haina shida, jukwaa halina shida. Shida ni mafaili. Mahakama ya watoto ikitaka ripoti ya uchunguzi wa kijamii, mtu wa ustawi anakwenda hadi nyumbani. Anahoji wazazi, jirani, mwalimu wa darasa, mtendaji wa mtaa. Anajua mtoto ni wa nani, nani anapigwa, nani anameza dawa kwa siri. Mbeya tuna mahabusu ya watoto na shule ya maadilisho Irambo, ya kurekebisha watoto waliokosea sheria, kwa hiyo mashauri haya yapo kila wiki. Mtu huyohuyo akibisha hodi kuomba kura, yule mama atamnyimaje? Kabla ya kuchukua fomu akabidhi mashauri kwa maandishi kwa afisa ustawi wa halmashauri: yapi yako wazi, kila moja limefikia hatua gani, tarehe ya mahakama inayofuata, sahihi za pande zote mbili. Asibaki na nakala, hata picha kwenye simu. Na kaya alizozihudumia asiende yeye kuziomba kura. Bila hayo simpi.

Bulyaga Juu
Jamani wasomi tumeshawaonja sana huku kwetu. Kati ya 2005 na 2015 jimbo la Rungwe Mashariki alikuwapo Prof. Mwandosya, Magharibi Prof. Mwakyusa, Kyela Dkt. Mwakyembe. Mhandisi, daktari, mwanasheria. Kilolo nako Prof. Msolla wa mifugo. Ng'ombe walikuwa na mtaalamu wao bungeni, ndizi zetu hazikuwa na mtu! Huyu wa ustawi ana tofauti gani? Tena hao kazi yao ni kugawa mikopo ya halmashauri ya asilimia 10 na hela za TASAF, ule mfuko wa kaya maskini, mtaji wa kura anao mkononi tayari. Ile asilimia tano ya akina mama na tano ya vijana, nani asiyejua inavyopita?

Rungemba Damu
Bulyaga umechemka mara tatu kwa pumzi moja.

Tano kwa tano ni ya zamani. Tangu sheria ya fedha za serikali za mitaa irekebishwe 2018 ni 4 wanawake, 4 vijana, 2 watu wenye ulemavu, bila riba. Ikasimamishwa 2023, ikarudi 2024. Pili, mikopo hiyo ni ya afisa MAENDELEO ya jamii, si ustawi. Sisi wa vyuo vya maendeleo ya jamii vya Rungemba na Uyole ndio tunaokaa na kikundi: katiba yao, akaunti ya benki, andiko la mradi, halafu kamati ya kata, halafu halmashauri. Kinachoua mikopo ni kikundi kilichoundwa wiki moja kabla ya fomu, mwenyekiti anachukua pikipiki, wanne wanabaki na deni. Tatu, TASAF ina waratibu wake, na kaya zinatajwa kwenye mkutano wa hadhara wa kijiji, halafu zinapimwa kwa dodoso. Wa ustawi wanakaa ofisini kusuluhisha ndoa.

Kijitonyama 73
Kusuluhisha ndoa? Mwalimu, ungeisoma kwanza Sheria ya Mtoto ya 2009 ndipo uandike. Mtoto akiokotwa stendi saa nane usiku, polisi wa dawati la jinsia hawamwiti mtu wa vikundi vya kuku. Wanamwita afisa ustawi. PF3, fomu ya polisi ya matibabu, inajazwa, mtoto anakwenda hospitali, anatafutiwa mtu wa kuaminika wa kukaa naye, mahakama inaombwa amri, na ndugu wanatafutwa hata kama wako Ludewa. Mkikosea hatua moja, tuseme nguo zimefuliwa kabla ya daktari kuziona, kesi imekufa. Taasisi yetu ya Ustawi wa Jamii, Kijitonyama, iliundwa kwa sheria ya Bunge 1973. Ninyi endeleeni na katiba za vikundi.

Rungemba Damu
Hasira za nini, dada. Nimesema mnakaa ofisini, sikusema mnalala.

Kijitonyama 73
Mimi si dada. Na ofisi yenyewe nyingi hazina hata chumba cha kuzungumza na mtoto faragha. Anahojiwa na watu wanapanga foleni ya barua nyuma yake. Mbunge wa ustawi angeanza na hilo: chumba, mlango, kabati lenye kufuli. Bajeti ya halmashauri ipitishwe na kifungu chake, si kusubiri mfadhili.

Bulyaga Juu
Haya, nimekosea ofisi, basi. Ila Kihesa Kilolo, huyo Attlee wako ndiye aliyekuwa waziri mkuu wakati Waingereza wanakuja kulima karanga Kongwa, Dodoma! Mtu wa ustawi kabisa, akatuletea hasara ya karne. Ndiyo faida ya kusomea umaskini?

Kihesa Kilolo
Hiyo ilikuwa wizara ya chakula, ya John Strachey. Attlee hakushika jembe.

Uyole Udongo
Alishika kalamu, inatosha. Na tuseme vizuri sababu za mradi kufa maana kila mtu anasema "ukame" anamaliza. Ujumbe wa Wakefield, uliotumwa kukagua ardhi ya mradi mwaka 1946, ulizunguka kama wiki 9, sehemu kubwa kwa ndege. Kutoka angani pori la Kongwa linaonekana jepesi. Chini kuna mizizi inayokatakata minyororo ya trekta, wakaleta hadi vifaru vya Sherman vilivyogeuzwa trekta. Udongo wenyewe una mfinyanzi na mchanga mkali. Ukiwa na unyevu unalimika, ukikauka unakuwa sakafu. Karanga huzaa chini ya ardhi, kwa hiyo wakati wa kuvuna, kiangazi kimeanza, ganda limeshikwa na udongo mkavu, na jembe linasagika. Shimo moja la futi tatu lililochimbwa Septemba lingewaambia yote. Mradi ulianza 1947, ukafutwa Januari 1951, hasara pauni milioni 36.

Bulyaga Juu
Mwenye macho na aone. Wangemuuliza Mgogo mmoja tu kwa nini analima mtama.

Kihesa Kilolo
Sasa tunamhukumu mhadhiri wa Iringa kwa karanga za Dodoma? Nirudisheni kwenye mada. Mkoa wetu wa Iringa una mahindi, maharage, viazi na maziwa, na bado utafiti wa afya wa 2022 umekuta udumavu wa watoto chini ya miaka mitano asilimia 56.9. Hakuna mhandisi wala mwanasheria atakayelieleza hilo bungeni. Mama yuko shambani tangu alfajiri, mtoto kaachiwa dada yake wa miaka saba na uji mweupe wa mahindi matupu, asubuhi na jioni. Hapo panahitajika mtu wa jamii.

Mafinga Mbao
Na ulanzi, ile pombe ya mianzi. Mbona hukuutaja ulanzi, Mnyalukolo? Masika ukikolea, mtoto analambishwa ili alale.

Kihesa Kilolo
Hilo ni la kutusemea tu. Njombe nayo inapita asilimia 50, mbona hamwendi kuwachambua? Mbao zenu zinawafanya madaktari?

Mafinga Mbao
Mafinga ni mkoa huohuo wa Iringa, mkuu. Ninajisema na mimi.

Mwanjelwa Kwanza
Bado nasubiri jibu la mafaili.

Hakimu wa Vijiweni
Mwanjelwa, mafaili ni madogo. Kubwa ni takrima, kuwakirimu wapiga kura. Ile iliyoruhusiwa na sheria ya uchaguzi ya mwaka 2000 ilifutwa na Mahakama Kuu 2006, halafu 2010 ikaja Sheria ya Gharama za Uchaguzi. Kumpa mpiga kura zawadi ili akuchague ni kosa, kabla ya kampeni na wakati wa kampeni. Sasa mtu wa ustawi kazi yake NI kutoa: blanketi, daftari, nauli ya kwenda Mbeya hospitali. Mpinzani wake anahitaji picha moja ya blanketi na shahidi mmoja, ameshapata shauri la kupinga matokeo. Dawa: vitu vitolewe kwa jina la shirika au halmashauri, kwa daftari la kupokelea lenye sahihi, na yeye ajiondoe kwenye kutia saini malipo mapema. Fulana yenye sura yake isikaribie mfuko wa unga.

Rungemba Damu
Na ubunge wenyewe Katiba haidai digrii. Ibara ya 67: miaka 21, raia, ujue kusoma na kuandika Kiswahili au Kiingereza, chama kikupendekeze. Wadhamini 25 wa jimboni. Huo uprofesa ni wa mabango.

Kijitonyama 73
Chama kikupendekeze, hapo ndipo pagumu. Wajumbe wa kura za maoni hawaulizi ripoti ya uchunguzi wa kijamii. Mhadhiri anafika na slaidi, mwenzake anafika na wajumbe waliokwisha kula.

Mwanjelwa Kwanza
Kwa hiyo hakuna anayejibu.

Bulyaga Juu
Kwani karanga zilisafirishwaje hadi bandarini, Uyole? Mzee mmoja hapa anabisha kwamba reli ilianzia Mpwapwa.

Uyole Udongo
Msagali. Tawi lilitoka Msagali kwenye reli ya kati kwenda Kongwa hadi Hogoro. Ya kusini ilikuwa nyingine, ya Nachingwea, na bandari ya Mtwara ikajengwa kwa ajili yake. Mwambie mzee alipe soda.