Albert Lortzing: opera zake zilijaza kumbi, mbona alikufa fukara?

Mpenda Noti: Habari zenu, wadau. Naomba mnielimishe kuhusu Lortzing, mtunzi wa opera Mjerumani. Opera yake Zar und Zimmermann (Mfalme na Seremala) bado inaimbwa Ujerumani, lakini kila ninaposoma naambiwa mtunzi alikufa na madeni Berlin mwaka 1851. Pesa ilikwenda wapi? Na mtu wa kwaya aanzie kusikiliza wapi?

Besi wa Pili: Pesa haikumfikia, ndugu. Enzi zake jumba la opera lilinunua nakala ya noti mara moja, basi. Baada ya hapo liipige mara tatu au mara mia, mtunzi hapati kitu. Ujerumani nayo ilikuwa madola mengi, kila moja na sheria yake, kwa hiyo hata kudai ilikuwa kazi ngumu.

Aliishi kwa mshahara. Jumba la maonyesho la Leipzig lilimwajiri 1833 kama mwigizaji na mwimbaji. Zar ilipoonyeshwa mara ya kwanza, tarehe 22 Desemba 1837, yeye mwenyewe aliimba sehemu ya mhusika Peter Ivanov, na mama yake mzazi aliimba sehemu ya mjane Browe! Maneno ya opera zake pia alijiandikia. Akawa kondakta 1844, mwaka uliofuata wakamwondoa. Akaenda Vienna, mapinduzi ya 1848 yakavuruga ajira, na nyumbani watoto ni wengi. Alimalizia kwenye jumba dogo la Berlin. Opera yake Die Opernprobe ilionyeshwa mara ya kwanza Frankfurt tarehe 20 Januari 1851. Kesho yake akafa, na umri wake miaka 49 tu. Inauma.

Fundi wa Kwaya: Kwa mwanakwaya, anza na tendo la tatu la Zar. Meya van Bett, besi anayejiona msomi, anawafundisha watu wa mji kantata, yaani wimbo wa sherehe wa kwaya, ya kumpokea mfalme wa Urusi. Ni mazoezi ya kwaya kabisa: anaimba mstari, wao wanaurudia. Ucheshi umo kwenye maneno. Wanaanza „Heil sei dem Tag, an welchem du bei uns erschienen“, yaani isifiwe siku uliyotutokea. Zinafuata „dideldum“ kadhaa, halafu kwaya inaendelea: ni zamani sana, ndiyo maana tunafurahi zaidi. Sifa imegeuka tusi bila wao kujua.

Hapo ndipo kwaya nyingi huharibu. Wanacheka wenyewe, wanakimbiza mwendo, silabi zinamezwa, na msikilizaji hapati ile „zamani sana“. Imbeni kwa uzito uleule wa kumpokea askofu, herufi za mwisho zitamkwe, mpumue pamoja kabla ya kila „dideldum“.

Angalieni pia rekodi mnayochagua. Opera hizi zina mazungumzo yasiyoimbwa katikati ya nyimbo. Rekodi ya vipande teule huyatupa yote, na hapo hutaelewa kwa nini kuna Peter wawili, yaani mfalme wa Urusi aliyejificha kama seremala na Peter Ivanov, kwenye kiwanda kimoja cha meli.

Besi wa Pili: Naongezea opera yake nyingine, Der Wildschütz ya 1842. Tendo la pili mabwana wanacheza biliadi huku mwalimu Baculus akiimba tenzi ya kanisani, vyote kwa wakati mmoja. Ufundi wa hali ya juu.

Na msiiache opera Regina, aliyoiandika 1848. Inafunguka na wafanyakazi wa kiwanda waliogoma. Haikupandishwa jukwaani mpaka 1899, miaka 48 baada ya kifo chake.