Wakuu, nimesampo wimbo wa Yugoslavia, naombeni ushauri

Kinanda_Baridi: Habari za usiku wakuu. Nipo Zagreb, Kroatia, mchana mishe, usiku nagonga biti. Niliokota santuri Hrelić, lile soko la mitumba la Jumapili, ya Denis & Denis. Hao ni kundi la pop la Yugoslavia ya zamani. Kuna wimbo wao "Program tvog kompjutera" wa 1984, kinanda kinalia kama mtu kaachwa stendi na basi la mwisho. Nimekata sekunde nane nikaweka ngoma za Bongo. Ruhusa naanzia wapi?

Bibi_Ubuyu: Nyie mnaingia ndani kwanza ndo mnabisha hodi 😂

Mzee_wa_Kaseti: Umenikumbusha bamdogo, alisoma Belgrade enzi za Tito, karudi na kaseti za huko na koti la sufi, Tanga joto lile analivaa harusini. Kaseti tuliziba vitundu kwa karatasi tukarekodia taarabu juu yake, mpaka leo hajatusamehe.

Mkorofi_Halali: Ruhusa ni mbili. Ya rekodi, ilikuwa kampuni ya Jugoton, siku hizi Croatia Records. Ya utunzi, kamuulizie mtunzi wao Davor Tolja kwa HDS ZAMP, chama cha hakimiliki za watunzi wa huko. Na usidanganywe kuwa sekunde nane hazihesabiki. Biti umeshampa mtu?

Kinanda_Baridi: Bado haijatoka rasmi.

Mkorofi_Halali: Sijauliza rasmi.

Kinanda_Baridi: Sawa, kuna dogo wa Dar kanipa nusu ya hela, nimeshalipia kodi ya chumba, ngoma inatoka Ijumaa. Ila nimeshusha sauti nimeigeuza mpaka mwimbaji wao Marina Perazić mwenyewe hawezi kuijua. Wimbo wa huzuni wa miaka 40 nani anaukumbuka?

Dada_wa_Rijeka: Hao ni wa huku kwetu Rijeka mdogo wangu, ukipigwa harusini mabibi wanaacha supu. Halafu huzuni gani, mwanamke anamtongoza mtu kwa lugha ya kompyuta. Umesampo mahaba ukadhani msiba.

Mja_Mwema: Hela ya wizi haina baraka, rudisha.

Chai_Kavu: Nanusa chai. Santuri bei gani?

Kinanda_Baridi: Kuna 30.

Bibi_Ubuyu: Kuna 30 za nini?

Kinanda_Baridi: Kuna ndo hela ya huku.

Chai_Kavu: Huko ni yuro tangu Januari 2023. Umelipa makumbusho?

Kinanda_Baridi: Nilinunua 2022, acha ukachero.

Chai_Kavu: Weka picha, lebo ya katikati ionekane.

Kinanda_Baridi: Ipo kwa mshikaji, kesho nitaweka. Jamani tumalizie ya ruhusa, si bado kuna siku kadhaa?

Mkorofi_Halali: Leo Alhamisi mkuu.