Filamu iliyoachwa njiani: imalizwe, au ihifadhiwe jinsi ilivyo?

Hoja: Mwongozaji akifariki na filamu yake bado imo kwenye makopo, fedha za umma zimlipe mhariri aimalize, au ziishie kwenye kuokoa mkanda?

Mhariri, Ngara
Imalizwe. Mwongozaji wa Marekani Orson Welles alipiga The Other Side of the Wind kati ya 1970 na 1976, akafa 1985 akiwa amehariri kama dakika 40 tu. Negativu, yaani mikanda ya asili iliyotoka kwenye kamera, zikafungiwa Paris kwa migogoro ya umiliki. Mwaka 2018 filamu ikatoka, ikiwa imechujwa kutoka karibu saa 100 za picha, na leo mwanafunzi wa Nairobi anaitazama. Mngetaka iozee huko?

Fundi wa kuhifadhi, South B
Ndugu yangu, leta na mfano wa pili. Don Quixote ya Welles huyo huyo, ambayo nayo hakuimaliza, iliunganishwa na mwongozaji wa Hispania Jess Franco, ikaonyeshwa 1992. Vipande havilingani kwa ubora, na lile tukio la Don Quixote kukatakata pazia la sinema halimo, kwa sababu lilikuwa mikononi mwa mhariri mwingine kule Italia. Walianza kuhariri kabla ya kukusanya kila kitu.

Kwa hiyo fungua kopo kwanza, unuse. Harufu ya siki ni asetati, plastiki ya mkanda wenyewe, inayooza. Weka ndani karatasi ya kupimia asidi: bluu ni salama, kijani anza kuhofia, njano hakuna muda. Mkanda ukisinyaa zaidi ya asilimia 1, matundu hayakai tena kwenye meno ya mashine nao huraruka, basi tafuta skana inayovuta kwa rola. Sauti ya sumaku iliyo kwenye mkanda wa asetati itangulie, maana chuma chake huchochea kuoza. Ukitoa kopo kwenye friji, liache limefungwa ndani ya mfuko wa plastiki hadi lilingane na joto la chumba, la sivyo umande utaganda juu ya picha.

Mhariri, Ngara
Sawa, lakini hayo yote ni gharama, na bado hakuna aliyeona filamu.

Fundi wa kuhifadhi, South B
Gharama hesabu hivi. Kopo la futi 400 la milimita 16 ni dakika 11, fremu 16,000. Ukiskani kwa 2K (upana wa nukta kama 2,000) bila kubana faili, kila fremu ni kama MB 12, hivyo kopo moja linakaribia GB 200. Zidisha kwa nakala mbili, ziwekwe majengo tofauti. Bajeti isiyofika hapo isithubutu kumwita mhariri.

Wakili, Upper Hill
Kuwa na makopo si kuwa na haki. Katika Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001, mtunzi wa filamu ni yule aliyefanya mipango ya kuitengeneza, kwa kawaida mtayarishaji. Mjane anaweza kuwa na makopo yote chini ya kitanda asiwe na ruhusa ya kuyatoa. Fedha za umma zisiguse hata kopo moja kabla ya saini ya mwenye haki.

Mhariri, Ngara
Wakili, hapo nakubali. Ila nakala ya kazi, yaani chapa ya mkanda ya kuhariria, aliyoikata mwongozaji mwenyewe ndiyo ramani. Tukiwa nayo, kumaliza si kubahatisha.

Fundi wa kuhifadhi, South B
Ndiyo, na hapo ndipo watu huharibu. Juu yake kuna alama za penseli ya nta: mstari wa kufifisha picha, msalaba wa kipande kilichokataliwa. Fundi mwenye haraka huisafisha ili ipendeze, akafuta maagizo ya mwenye filamu. Iskaniwe ikiwa chafu kwanza, viungo vyake visibanduliwe, kisha namba zilizochapwa ukingoni mwa mkanda zilinganishwe na negativu, ambayo isikatwe hata fremu moja. Toleo la kumalizia litengenezwe kwenye faili, na pale mkono wa mwongozaji unapoishia, maandishi kwenye skrini yaseme.

Mhariri, Ngara
Kwa masharti hayo natia sahihi.