Tukio la bafuni kwenye Psycho: mbona George Tomasini hatajwi?

Wakuu, kuna ubishi wa tangu miaka ya 1970 ambao kila ukifufuka unanichoma. Nani hasa alilitengeneza lile tukio la mauaji bafuni kwenye Psycho, filamu ya Alfred Hitchcock ya 1960? Kambi moja inasema ni Hitchcock, basi, hakuna cha kujadili. Kambi nyingine inamtaja Saul Bass, msanifu aliyechora picha za tukio lile kabla halijapigwa, na ambaye baadaye alijitokeza kudai kuwa hata kuliongoza aliliongoza yeye. Janet Leigh, mwigizaji anayeuawa kwenye tukio hilo, alikataa katakata. Msaidizi wa muongozaji, Hilton Green, naye alikataa. Hapo nasimama na Leigh. Upigaji ulichukua siku saba, na mtu hasahau nani alikuwa anamwelekeza siku zote hizo huku maji yakimmwagikia.

Lakini angalieni tukio lenyewe limejengwa kwa kitu gani. Kamera iliwekwa mara 78, na kwenye filamu iliyokamilika kuna mikato 52, yaani mahali picha moja inapokatwa na kuunganishwa na nyingine. Kisu hatukioni kikizama mwilini. Tunaona mkono, pazia, mdomo uliofunguka, maji, miguu, na akili yetu ndiyo inayomaliza mauaji. Halafu kasi yote inakatika: maji yenye damu yanazunguka yakiingia kwenye tundu, tundu linayeyuka polepole na kuwa jicho la marehemu. Hili ni tukio la mkasi, yaani la mhariri. Tunagombana nani alichora na nani alisimama kwenye kamera, na aliyeshika mkasi hakuna anayemuuliza.

Aliitwa George Tomasini. Alizaliwa Springfield, Massachusetts, mwaka 1909. Kuanzia Rear Window ya 1954 hadi Marnie ya 1964 alihariri filamu tisa za Hitchcock, zikiwemo Vertigo, North by Northwest na The Birds. Nje ya Hitchcock alihariri The Misfits na Cape Fear. Alifariki Novemba 1964, akiwa na miaka 55 tu. Bass alipoanza kudai chake, Tomasini alikuwa kaburini miaka kadhaa. Hakupata nafasi ya kusema hata neno moja.

Najua jibu linalokuja: mhariri anafuata maagizo, na Hitchcock alikuwa na filamu nzima kichwani kabla ya kupiga. Nimelisikia mara nyingi na silikubali. Kama lilikuwa limekamilika kichwani, mbona Hitchcock alitaka tukio la bafuni lisiwe na muziki kabisa, mpaka mtunzi wa muziki, Bernard Herrmann, alipoandika zile fidla zinazopiga kelele ndipo Hitchcock akabadili mawazo? Kazi ilikuwa bado inatafutwa, na ilitafutwa kwenye chumba cha kuhariria.

Halafu kuna suala la pesa. Psycho ilipigwa kwa bei rahisi, kama dola laki nane, na ili kubana matumizi Hitchcock alitumia watu wa kipindi chake cha televisheni, Alfred Hitchcock Presents. Mpigapicha John L. Russell alitoka huko. Kipindi kile kilikuwa na wahariri wake, watu waliozoea kazi ya haraka. Hakuwachukua. Aliowaleta kutoka kwenye filamu zake kubwa ni wachache: Herrmann kwa muziki, Bass, na Tomasini. Mtu anayebana kila senti hawezi kuagiza mkasi wa gharama kama mkasi wowote ungetosha.

Sasa twende The Birds, 1963, kwa sababu pale ushahidi unahesabika. Petroli imetiririka chini, mtu kadondosha kiberiti, moto unakimbia kuelekea kituo cha mafuta, na mwigizaji Tippi Hedren anatazama dirishani. Sekunde moja ya filamu ina fremu 24, yaani picha moja moja 24. Hesabuni: uso wa Hedren fremu 20, moto 18, uso 16, moto 14, uso 12, moto 10, uso 8. Kisha magari yanalipuka. Kila kipande kimepunguzwa fremu mbili kuliko kilichotangulia, na katika kila uso Hedren ameganda kama picha ya ukutani, kichwa tu ndicho kimeelekea kwingine. Fremu mbili ni sehemu ya kumi na mbili ya sekunde. Hitchcock anaweza kuwa aliagiza kasi ipande. Lakini kipimo kile kinaonekana ukiwa na utepe mkononi, unakata, unagundisha, unatazama, unabandua tena.

Na wenye tuzo walimwona? Mara moja tu Tomasini aliteuliwa kwa Oscar, kwa North by Northwest, na wahariri wa Ben-Hur wakaichukua. Psycho iliteuliwa katika vipengele vinne, uhariri haumo. Filamu ambayo dunia inaikumbuka kwa mikato yake! Wala msiseme hayo ni ya zamani. Mwaka 2022 tuzo ya uhariri ilikuwa miongoni mwa nane zilizotolewa kabla matangazo ya moja kwa moja hayajaanza.

Hoja moja dhidi yangu naiheshimu. Filamu ilipodhaniwa imekwisha, Alma Reville, mke wa Hitchcock, ndiye aliyeona kwamba Leigh, ambaye keshakufa sakafuni, bado ana dalili ya uhai. Tomasini alikuwa amepitwa, pamoja na wote waliotazama kabla ya Alma. Nakubali. Ila Alma alianza kazi akiwa msichana Twickenham, London, na huko huko, akiwa bado kijana, alifanya kazi ya kukata filamu.

Anayetaka kumtetea Bass namkaribisha kwa moyo mmoja. Naomba tu aanze na zile fremu za The Birds, maana filamu hiyo Bass hakuifanyia kazi.